Si Lazima Uwe na Kipawa: Somo la Kuchora Umbo la Binadamu kwa Wahudumu wa Afya na Wagonjwa

Utangulizi

Kila ninapowaomba wahudumu wa afya wachore umbo la binadamu, huanza kwa kucheka, kisha huomba radhi: "Dokta, mimi sina kipawa cha kuchora." Jumamosi moja nilipoendesha somo hili Kipawa, kata iliyo jirani na uwanja wa ndege wa Julius Nyerere jijini Dar es Salaam, muuguzi mmoja mkongwe alinijibu kwa utani kwamba hapo hakuna asiye na kipawa, kwa kuwa sote tumeketi ndani yake. Tukacheka, tukakunja karatasi, tukaanza kazi. Baada ya saa moja na nusu kila aliyekuwapo, wakiwamo wagonjwa wanne na mama mmoja aliyemsindikiza mwanawe, alikuwa amechora mtu mwenye kichwa, kiwiliwili, mikono na miguu inayolingana. Michoro ile isingetundikwa ukutani, lakini ingefaa sana kuwekwa ndani ya faili la mgonjwa.

Makala haya yanakuletea somo lile lile. Ukimaliza kuyasoma na kufanya mazoezi yake, utaweza kufanya mambo matatu: kuchora umbo la mtu mzima na la mtoto kwa dakika tatu, kuonyesha juu ya mchoro mahali penye jeraha, maumivu au ganzi, na, iwapo wewe ni mgonjwa, kuueleza mwili wako kwa anayekutibu pale maneno yanapokupungukia.

Kosa lililonifundisha kuchora

Miaka takribani 15 iliyopita, nikiwa daktari kijana katika zamu ya usiku, nilipigiwa simu na tabibu wa kituo kimoja cha pembezoni. Alikuwa na mtoto wa miaka miwili, uzito kilo 12, aliyevuta sufuria ya chai ikammwagikia. "Ameungua kifua na mkono wa kulia," alisema, "na malengelenge yamepasuka." Niliuliza saa ya ajali, nikauliza uzito, nikapiga hesabu ya maji ya kumpa kwa njia ya mshipa, nikamtajia kiasi. Sikuuliza alimaanisha nini aliposema mkono.

Akilini mwangu mkono ule ulikuwa kiganja na vidole. Kifua nilikihesabu kuwa asilimia 9 ya ngozi ya mwili, na kiganja chote, mbele na nyuma, asilimia 2, jumla 11. Kanuni niliyotumia, iitwayo ya Parkland, huzidisha mililita 4 kwa kilo za uzito na kwa asilimia ya ngozi iliyoungua. Nilipata mililita 528 kwa saa 24, nusu yake itolewe ndani ya saa 8 za kwanza tangu ajali, juu ya maji ya kawaida ambayo mtoto huhitaji kila siku.

Mvua ilikuwa inanyesha na gari lilichelewa njiani. Mtoto alipofika, nilifunua shuka nikaona mkono mzima umeungua, kuanzia begani hadi ncha za vidole. Mkono mzima ni asilimia 9, si 2. Jumla ilikuwa 18, na maji aliyostahili yalikuwa mililita 864. Vidole vya miguu vilikuwa baridi, mdomo umekauka, na hakuwa amekojoa tangu jioni. Alipona, baada ya siku ambazo sikuwa na haki ya kumwongezea. Siku ya kuruhusiwa mama yake alinishukuru kwa mikono miwili, na shukrani zile nimekuwa nikizibeba kama deni.

Tabibu yule hakukosea Kiswahili. Katika lugha yetu mkono ni mkono, kuanzia begani hadi vidoleni, na mkono pia ni kile tunachopeana tunaposalimiana. Kosa lilikuwa langu. Ila ninajua kwamba kama mmoja wetu angekuwa na karatasi yenye umbo la mtoto lililotiwa kivuli mahali palipoungua, kosa lile lisingepata nafasi ya kuingia.

Pale maneno yanapokuwa mapana kuliko jeraha

Mfano wa mkono si wa pekee. Mguu huanzia nyongani na kuishia kwenye vidole. Mgonjwa anayesema "mguu unaniuma" huenda anamaanisha paja, goti, muundi, kifundo au wayo. Kiuno kwa mmoja ni pale unapofungwa mshipi, kwa mwingine ni mgongo wa chini, na kwa wa tatu ni nyonga yenyewe. Tumbo hubeba chakula, na tumbo hubeba mimba. Kifua ni sehemu ya mwili, na kifua pia ni jina la ugonjwa. Na mgonjwa anaposema "moyo unaniuma," huenda anaonyesha chembe ya moyo, ambapo shida huwa ni ya tumbo la chakula, au anazungumzia huzuni.

Lugha yetu si maskini wa majina ya viungo. Tunayo kigasha, kiwiko, muundi, kinena, kisigino na mengineyo. Lakini mtu mwenye maumivu hasemi kwa kamusi. Tena yapo maneno ambayo heshima huyazuia: mama mtu mzima hatayataja mbele ya mkwewe aliyemsindikiza, na kijana hatayataja mbele ya muuguzi aliye rika la mama yake. Kalamu huweza kugusa karatasi mahali ambapo ulimi umeona haya kufika.

Jambo hili si geni. Mwanzoni mwa karne ya 16 mchoraji Mjerumani Albrecht Dürer alijichora akiwa kifua wazi, akielekeza kidole kwenye doa la rangi ya njano ubavuni kushoto, na juu yake akaandika kwamba hapo ndipo panapomuuma. Inaaminika kwamba mchoro huo aliukusudia kwa daktari. Mwaka 1543 Andreas Vesalius alichapisha kitabu chake kikubwa cha anatomia, na michoro yake iliwafundisha madaktari mambo ambayo maandishi ya karne nyingi yalikuwa yameyapotosha. Na hapa kwetu, Edward Saidi Tingatinga, ambaye mtindo wake wa uchoraji umebeba jina lake duniani kote, aliwahi kuajiriwa katika Hospitali ya Muhimbili kabla ya kufariki mwaka 1972. Hakupitia chuo cha sanaa. Alichora kwa rangi za mafuta juu ya vipande vya ubao, kwa maumbo machache yaliyo wazi, na hadi leo mtoto akiitazama picha yake anajua huyu ni chui na yule ni ndege. Uwazi wa namna hiyo ndio tunaoutafuta hapa.

Vifaa

Chukua karatasi moja na kalamu ya risasi, au kalamu ya wino ikikosekana. Rula haihitajiki. Kifutio pia hakihitajiki: mstari uliokosewa uache, chora mwingine kando yake. Shika kalamu kwa wepesi, ukichora kwa mkono kuanzia kiwikoni badala ya kukaza vidole.

Hatua ya kwanza: Pima kwa kichwa

Kipimo cha umbo la binadamu ni kichwa chake mwenyewe. Mtu mzima ana urefu wa vichwa saba na nusu hivi. Kwa urahisi wa kuchora tutahesabu vinane. Simamisha karatasi, ikunje katikati kwa kuleta ukingo wa juu kwenye ukingo wa chini, ikunje tena vivyo hivyo, kisha mara ya tatu. Ukiikunjua utapata vyumba vinane vilivyo sawa, na mikunjo yake ndiyo rula yako.

Chumba cha kwanza ni kichwa, kuanzia utosini hadi kidevuni. Mkunjo wa pili hupita kwenye chuchu. Wa tatu hupita kwenye kitovu, na viwiko vya mikono iliyolegezwa hufika hapo. Wa nne, ulio katikati kabisa ya karatasi, hupita kwenye kinena. Vifundo vya mikono huishia usawa huo. Wa tano hupita katikati ya mapaja, na ncha za vidole hufika karibu yake. Wa sita hupita chini kidogo ya magoti, wa saba katikati ya miundi, na ukingo wa chini wa karatasi ndio sakafu.

Kumbuka jambo moja hata ukisahau mengine: nusu ya urefu wa mtu mzima iko kinenani, si kiunoni. Wengi huchora kiwiliwili kirefu na miguu mifupi kwa sababu macho yetu hupenda kuanzia usoni na kuchoka yakifika tumboni.

Mtoto si mtu mzima aliyepunguzwa. Kichwa cha mtoto mchanga ni robo ya urefu wake wote, kwa hiyo kwake kunja karatasi mara mbili tu upate vyumba vinne. Mtoto wa miaka miwili ana vichwa vitano hivi, na wa miaka sita ana kama sita. Tutaona baadaye kwamba tofauti hii hubadilisha hesabu ya matibabu.

Hatua ya pili: Mstari wa mgongo

Kabla ya kuchora nyama chora msimamo. Shusha mstari mmoja mwepesi kutoka kidevuni hadi kinenani. Huo ni uti wa mgongo. Ukate kwa mistari miwili ya kulala: mmoja wa mabega, chini kidogo ya kidevu, na mmoja wa nyonga, juu kidogo ya kinena. Upana wa mabega ni kama vichwa viwili vilivyolazwa. Nyonga ni nyembamba kidogo kuliko mabega, ingawa kwa wanawake wengi tofauti huwa ndogo.

Kwa mtu aliyesimama wima mistari hii miwili huwa sambamba. Kwa anayechechemea, au anayekwepa maumivu ya mgongo, haiwi hivyo: bega moja hushuka, nyonga moja hupanda, na uti hupinda kama upinde. Ukiichora kama unavyoiona utakuwa umeandika dalili. Ukimchora tena mgonjwa huyo huyo baada ya wiki sita za mazoezi ya viungo, michoro miwili ikiwekwa pamoja itaonyesha maendeleo ambayo maneno "anaendelea vizuri" hayawezi kuyaonyesha.

Hatua ya tatu: Yai, tenga na bakuli

Sasa vaa mstari huo maumbo matatu. Kichwa ni yai lililosimama, upande mwembamba ukiwa chini. Macho huwekwa katikati ya yai, si juu. Hapa wengi hukosea kwa kusahau kwamba juu ya macho kuna paji na fuvu.

Kifua ni tenga, lile la kusafirishia nyanya, lililofunikwa kifudifudi: jembamba juu, pana chini, na mbavu zake ni kama ufito uliosukwa kuzunguka. Lianzie chini ya shingo liishie katikati ya chumba cha tatu. Nyonga ni bakuli lililokaa wazi, ukingo wake ukiwa chini ya kitovu na kitako chake kinenani.

Kati ya tenga na bakuli acha nafasi. Hapo hakuna mbavu wala mfupa wa nyonga. Kuna uti wa mgongo nyuma na misuli laini pande zote, na ndiyo maana tunaweza kuinama na kugeuka. Ndiyo maana pia sehemu hiyo huumia kwa urahisi tunapoinua ndoo ya maji kwa pupa. Unganisha tenga na bakuli kwa mistari miwili iliyobonyea kidogo ndani, na utakuwa umepata kiwiliwili.

Hatua ya nne: Pingili za muwa

Mikono na miguu yote ni miwa. Kila muwa una pingili na mafundo. Mkono una pingili mbili: ya juu kutoka begani hadi kiwikoni, na kigasha kutoka kiwikoni hadi kifundoni; kisha huja kiganja. Mguu nao una mbili, paja na muundi. Kisha huja wayo. Kila pingili ni nene upande wa juu na hupungua ikishuka.

Weka duara dogo kila penye fundo: mabega, viwiko, vifundo vya mikono, nyonga, magoti, vifundo vya miguu. Jumla ni maduara 12. Usiyaache hata yakikuchosha, kwa sababu maungio ndiyo alama za njia mwilini. Mhudumu anayepokea mchoro hutazama kwanza jeraha liko upande gani wa fundo: juu ya goti au chini yake, kabla ya kiwiko au baada yake.

Maungio hayafanyi kazi kwa namna moja. Kiwiko na goti hujikunja kama bawaba ya mlango, upande mmoja tu. Bega na nyonga huzunguka kama mchi ndani ya kinu. Ukimchora mtu aliyekaa au anayetembea, kumbuka tofauti hii, ama sivyo utamvunja goti bila kukusudia.

Hatua ya tano: Viganja na nyayo

Usichore vidole kimoja kimoja kwanza. Kiganja ni kipande cha mraba chenye kidole gumba kando; ongeza umbo la koleo kwa vidole vinne vilivyoungana, kisha vitenganishe kwa mistari mitatu. Urefu wa kiganja na vidole vyake ni sawa na uso kuanzia kidevuni hadi mwanzo wa nywele. Jaribu sasa hivi kwa kuweka mkono usoni mwako. Wayo ukitazamwa kwa upande ni kabari, na urefu wake hukaribia ule wa kigasha. Wachoraji wanaoanza huchora viganja na nyayo vidogo mno, wakafanya mtu asiweze kusimama.

Sehemu za siri hazihitaji kuchorwa. Mstari wa kinena unatosha, na mgonjwa akitaka kuonyesha hapo ataonyesha. Mchoro uwe wa heshima kiasi kwamba bibi wa miaka 70 anaweza kuushika mbele ya wajukuu.

Hatua ya sita: Nyuma, kulia na kushoto

Kando ya umbo la mbele chora la nyuma. Ni mzunguko ule ule wa nje, bila uso, ukiongeza mstari wa mgongo na mkunjo wa makalio. Kisha, kabla ya kitu kingine chochote, andika KULIA na KUSHOTO.

Mchoro unaokutazama hubeba mkono wake wa kulia upande wako wa kushoto, kama mtu aliyesimama mbele yako. Umbo la nyuma halifanyi hivyo: kulia kwake ni kulia kwako. Daima andika pande za mgonjwa, si za karatasi. Katika upasuaji kosa la upande halisahihishwi kwa kifutio.

Kutumia mchoro: Majeraha ya moto

Turudi sasa kwa mtoto wa chai. Mwaka 1951 daktari wa upasuaji Alexander Wallace wa Uingereza alieneza kanuni inayoitwa kanuni ya tisa. Kwa mtu mzima, kichwa na shingo ni asilimia 9 ya ngozi. Kila mkono mzima 9. Kiwiliwili mbele 18 na nyuma 18. Kila mguu mzima 18. Na sehemu za siri 1. Jumla ni 100. Andika tarakimu hizo juu ya mchoro wako mara moja, nawe hutazisahau.

Kwa mtoto wa hadi mwaka mmoja, kwa sababu ya kile kichwa chake kikubwa, kichwa na shingo ni 18 na kila mguu ni 13.5; sehemu nyingine hazibadiliki. Kila mwaka unaoongezeka, punguza 1 kichwani na uongeze nusu kwa kila mguu, hadi miaka 10 atakapofikia vipimo vya mtu mzima. Jedwali lenye uhakika zaidi kwa watoto ni lile la Charles Lund na Newton Browder la mwaka 1944. Kituo chako kikiwa nalo, litumie. Na kwa majeraha madogo yaliyotawanyika, kiganja cha mgonjwa mwenyewe pamoja na vidole vyake ni kama asilimia 1.

Tia kivuli pale tu penye malengelenge au ngozi iliyochubuka au kubadilika rangi kwa kina. Wekundu usio na malengelenge hauhesabiwi. Andika uzito, saa ya ajali, na saa uliyochora. Kisha piga picha ya mchoro na uitume kwa anayempokea mgonjwa. Mchoro una fadhila moja ambayo picha ya mgonjwa haina: hauonyeshi uso wala utupu wa mtu yeyote. Maji yatolewe kwa kufuata mwongozo wa kituo chako, na kiasi cha mkojo ndicho kitakachokuambia kama yanatosha.

Kwa mzazi anayesoma: mtoto akiungua, mwondoe kwenye moto, mmiminie mahali palipoungua maji safi ya kawaida yanayotiririka kwa dakika 20, mfunike kwa kitambaa safi, umpeleke kituoni. Usipake dawa ya meno, yai, mafuta wala unga.

Kutumia mchoro: Maumivu

Katika somo lile la Kipawa alikuwapo bibi mmoja aliyesumbuliwa na kile alichokiita kiuno kwa miezi saba. Alikuwa ameambiwa na majirani kwamba ni figo, akanywa dawa za figo za kila namna. Nilimwamkia, nikampa karatasi yenye maumbo mawili, nikamwomba aonyeshe. Alivuta mstari mmoja bila kuinua kalamu: ukaanzia kwenye kalio la kushoto, ukashuka nyuma ya paja, ukapita kando ya muundi, ukaishia juu ya wayo. Kisha akaweka nukta nukta kwenye kidole gumba cha mguu. "Hapa pamekufa," alisema.

Figo haiumi kwa mstari wa namna hiyo. Hiyo ni njia ya mshipa wa fahamu unaotoka mgongoni kwenda mguuni. Nilimpima kuthibitisha, akapelekwa kwa mtaalamu wa mazoezi ya viungo. Katika miezi saba alikuwa ameulizwa mara nyingi anaumwa nini; kalamu hakuwahi kupewa.

Wewe mgonjwa, unapokwenda kliniki, chora nyumbani na uende na mchoro wako. Tumia alama chache: mistari ya mlalo kwa maumivu ya kawaida, nukta kwa ganzi, misalaba kwa kuwaka moto, na mshale kuonyesha maumivu yanakoelekea. Andika kando namba kuanzia 0 hadi 10, ambapo 0 ni kutoumwa kabisa na 10 ni maumivu makali kuliko yote unayoweza kuyafikiria. Lakini ukipata ganzi kuzunguka sehemu za siri, ukashindwa kuzuia mkojo au choo, au miguu ikaishiwa nguvu, acha kuchora uende hospitali siku hiyo hiyo.

Tahadhari

Mchoro husaidia uchunguzi, hauchukui nafasi yake. Mgonjwa lazima aguswe, apimwe na asikilizwe. Mgonjwa wa kiharusi anaweza kuchora mtu mwenye upande mmoja tu bila kujua kwamba ameuacha wa pili. Hiyo ni dalili kwamba ubongo umeacha kuuzingatia upande huo, na si uzembe wala wazimu. Mweleze mtaalamu, usimcheke. Vilevile usitafute siri za nyumbani katika mchoro wa mtoto aliyesahau kuchora mikono; huenda alichoka tu. Na kumbuka kwamba mchoro wenye jina la mgonjwa ni sehemu ya faili lake, na siri yake ni ile ile ya cheti chake.

Mazoezi

1. Kwa siku saba chora umbo moja la mbele na moja la nyuma kila siku, ukianza na karatasi iliyokunjwa. Siku ya nane jaribu bila kukunja.
2. Chora mtu mzima na mtoto mchanga kwenye kurasa mbili, kisha andika asilimia za kila sehemu bila kutazama makala haya.
3. Kaeni wawili wawili. Mmoja afikirie jeraha na kulieleza kwa maneno tu, mwingine alichore. Linganisheni mchoro na lile lililokusudiwa, halafu badilishaneni. Zoezi hili hutoa vicheko vingi, na baada ya vicheko hutoa ukimya.
4. Katika barua ya rufaa utakayoandika kesho, ongeza umbo moja dogo pembeni, lenye KULIA na KUSHOTO.

Hitimisho

Mwishoni mwa somo la Kipawa yule muuguzi mkongwe alinionyesha mchoro wake. Kichwa kilikuwa kimeinama kidogo na wayo mmoja ulikuwa mrefu kuliko mwenzake. Aliuliza kama amefaulu. Nilimwomba atie kivuli mkono wa kulia ulioungua, akauliza papo hapo: "Mkono upi, dokta, kiganja au wote?"

Nilimwambia kwamba amefaulu.